Dakika Ishirini za Amsterdam

Jumanne, tarehe 8 Aprili, saa mbili na robo asubuhi, barua pepe isiyo na jina la mtumaji iliingia kwenye kompyuta ya Gesina Wolthuis mjini Deventer. Haikuwa na maneno. Ilikuwa na picha tatu za kurasa zilizopigwa taipu, karatasi imegeuka rangi ya chai, juu kuna muhuri wa kituo cha redio cha Uingereza na tarehe za Februari 1942.

Gesina alizisoma akiwa amesimama, kikombe cha kahawa mkononi. Kisha akaketi, akazisoma tena kuanzia mwisho kwenda mwanzo, kama alivyofanya na kila karatasi iliyomfurahisha.

Zilimfurahisha kwa sababu zilisema lile alilolitafuta kwa miaka minne. Evert Lantinga, fundi wa redio kutoka kijiji cha Noorderkolk, alitorokea Uingereza mwaka 1941. Akafunzwa huko, na mwanzoni mwa Februari 1942 akadondoshwa usiku kwa parashuti katika nchi yake mwenyewe, akiwa na mashine ya kutuma ujumbe kwa mosi, yaani herufi zinazogongwa kwa milio mifupi na mirefu. Wajerumani walimkamata upesi. Mashine yake haikunyamaza. Iliendelea kuzungumza na London, Lantinga akiwa ameketi mbele yake na Mjerumani amesimama nyuma. Mwezi Machi London ilimtuma mtu wa pili kwa kuamini kwamba mambo ni salama. Aliyemngoja uwanjani alikuwa adui, na wanakijiji watatu waliokwenda kumpokea walikamatwa pamoja naye. Wote waliuawa. Lantinga alifia kambini mwaka 1944. Noorderkolk ilipojenga mnara wa majina ya wafu wake, jina lake liliachwa nje, na halikusomwa pamoja na mengine kila tarehe 4 Mei, siku ambayo nchi nzima huwakumbuka wafu wa vita.

Swali lilikuwa moja: je, Lantinga aliionya London? Njia ilikuwepo. Kila mpiga mosi alipewa kosa lake, yaani herufi moja ya kukosea kwa makusudi, mahali palepale katika kila ujumbe. Kosa likiwepo, mtu yuko huru. Likikosekana, ameshikwa. Na ukurasa wa pili wa picha zile ulisema wazi: tarehe 11 Februari, saa nane na dakika arobaini mchana kwa saa za Greenwich, ujumbe wa Lantinga umepokelewa, kosa la usalama, halipo.

Simu ililia kabla hajamaliza kahawa. Alikuwa Harm Bolhuis, mwenyekiti wa kamati ya kumbukumbu ya Noorderkolk, mfuga ng'ombe mstaafu aliyezoea kuzungumza kana kwamba kila neno linalipiwa.

"Umepata picha?"

"Nimepata. Na wewe?"

"Asubuhi hii. Umenitumia wewe?"

"Mimi natuma vitu kwa jina langu, Bwana Bolhuis."

"Hilo nalijua, unalitaja sana. Sasa sikiliza. Miaka minne nimekwambia lete ushahidi, jina litasomwa. Huu hapa. Kamati inakaa tarehe ishirini na mbili. Kama ni za kweli, tarehe nne Mei namsoma Lantinga."

"Kama ni za kweli."

"Ndiyo kazi yako hiyo. Mimi nimeshamwambia binti yake, Trijntje."

"Ungengoja."

"Ana miaka themanini na mitatu. Wewe ungengoja?"

Gesina alisema kwamba yeye angengoja. Bolhuis akakata simu bila kuaga, jambo ambalo kwake halikuwa hasira.

Baba mdogo wa Bolhuis, Siebrand, alikuwa mmoja wa wale watatu wa uwanjani. Kwa hiyo kamati haikuwa tayari kusikia maneno matupu, na Gesina hakuwahi kuilaumu kwa hilo.

Yeye mwenyewe maneno matupu aliyakataa tangu kesi yake ya kwanza. Mwaka 1987, akiwa mwandishi wa mahakamani wa gazeti dogo, alitumwa kuangalia kesi ya mwanafunzi wa miaka kumi na tisa aliyeingia kwenye kompyuta ya chuo kwa kutumia simu ya mama yake. Sheria ya kosa hilo haikuwepo nchini. Mwendesha mashtaka akamshtaki kijana kwa wizi wa umeme, na hakimu akauliza umeme wenyewe ulikuwa na thamani ya senti ngapi. Waandishi wenzake waliandika kichekesho. Gesina alimfuata yule kijana nje ya mahakama, akamwomba amwonyeshe alivyofanya, hatua kwa hatua, na akaandika hatua hizo. Kijana huyo alikuwa Ruurd Tamminga wa Franeker. Kutokana na makala ile kikaja kitabu, na baada yake vingine viwili kuhusu wezi wa kompyuta, na katika vyote Ruurd ndiye alikuwa wa kwanza kushukuriwa. Gesina alipohamia siri za vita, watu walidhani amebadilisha kazi. Yeye alisema ni kazi ileile: ujumbe umefika, na mtu anataka kujua nani hasa alikuwa ameketi kwenye mashine.

Alhamisi alipanda treni kwenda Franeker.

Ruurd sasa alikuwa na miaka hamsini na saba, na hospitali za mkoa zilimlipa ili wadukuzi wasiingie kwenye kompyuta zao. Alimkaribisha jikoni, kahawa na biskuti moja, kopo likafungwa. Ukutani ilining'inia saa ya babu yake, ikienda kwa majira ya zamani ya Amsterdam, yale ya kabla ya vita, dakika ishirini mbele ya Greenwich. Hakuna mgeni aliyeondoka katika nyumba ile bila kuelezwa habari ya dakika hizo.

"Saa yako bado mbovu," Gesina alisema.

"Saa yangu iko sawa. Ni Ulaya iliyoharibika."

Alikaa na zile picha kwa saa nzima, Gesina akisoma gazeti. Kisha akageuza kiti.

"Safi. Hakuna alama ya kukatwa wala kuunganishwa. Kamera ya kawaida, na mtumaji amefuta nyayo zake vizuri. Mtu ameingia kwenye hifadhi ya nyaraka za watu na amechukua hizi."

"Una hakika?"

"Kwa upande wa kompyuta, ndiyo."

"Upande mwingine ni wangu."

"Gesina, safari hii furahi kidogo. Hailipiwi kodi."

"Nitafurahi nikimaliza."

Alimaliza Jumamosi, na hakufurahi.

Ilikuwa hesabu fupi. Katika nyaraka zote alizozikusanya, ni mtu mmoja tu aliyewahi kutaja saa ya ujumbe ule: Dietmar Ahlers, Mjerumani aliyesimama nyuma ya Lantinga, aliyehojiwa na mtangazaji wa redio wa Hilversum mwaka 1979. Ahlers alisema walianza kutuma saa tisa kamili alasiri, kwa saa ya ukutani pale ofisini. Mwenye kughushi alihitaji kuigeuza saa hiyo kuwa ya Greenwich, kwa kuwa vituo vya Uingereza viliandika kwa Greenwich. Akatoa dakika ishirini, akapata saa nane na dakika arobaini.

Mwingereza asingefanya hivyo, maana habari ya dakika ishirini haijui. Mjerumani asingefanya hivyo. Ni Mholanzi tu, tena anayependa historia ya kwao, ambaye angezikumbuka. Na angesahau kwamba zilifutwa mara tu nchi iliposhindwa, Mei 1940, Wajerumani walipoamuru saa zote zifuate Berlin. Februari 1942 Berlin ilikuwa saa mbili mbele ya Greenwich, kwa sababu majira ya baridi hiyo hawakurudisha saa nyuma. Saa tisa ya Ahlers ilikuwa saa saba mchana ya Greenwich. Karatasi ya kweli ingeandika saa saba.

Lilibaki jambo la pili. Mahojiano ya Ahlers hayakuwahi kutangazwa. Mjane wa mtangazaji alimpa Gesina kanda yenyewe miaka miwili iliyopita, na Gesina, kwa kukosa mashine ya kuichezesha, aliipeleka kwa mtu aihamishie kwenye kompyuta na kuisafisha sauti. Walioyasikia mahojiano hayo walikuwa wawili. Mmoja alikuwa yeye.

Jumatatu alirudi Franeker. Hakuvua koti.

"Ruurd, saa tisa ulitoa wapi?"

Ruurd alikuwa na kopo la biskuti mkononi. Alilitazama, akaliweka mezani bila kulifungua.

"Saa tisa ipi?"

"Usinifanye nianze mwanzo. Umetoa dakika ishirini kwenye saa ya Berlin."

Alimwona anageuka kuangalia ukuta, midomo ikihesabu. Ilimchukua muda mfupi.

"Aa," Ruurd alisema. "Mjinga mimi."

"Hilo moja limethibitishwa."

"Miaka minne, Gesina. Unakuja hapa unaniambia Trijntje kafanya hivi, Trijntje amesimama nyuma ya watu tena pale mnarani. Wewe mwenyewe unajua kwamba yule bwana alionya. Unajua."

"Naamini. Sijui."

"Sijaongeza uongo. Nimejaza pengo."

"Pengo likijazwa na kitu chako linaitwa uongo. Ulikuwa unangoja nini, nikichapishe?"

"Nilikuwa nangoja mama mzee asikie jina la baba yake. Basi."

Gesina alivuta kiti, akakaa, koti likiwa bado mwilini. Alimwuliza maswali yaleyale ya mwaka 1987, hatua kwa hatua: taipureta aliinunua wapi, karatasi aliizeesha kwa kitu gani, muhuri aliuchonga vipi. Ruurd alijibu yote. Ilipofika mwisho akauliza, "Utaniandika?"

"Nitakuandika. Nilikuandika ukiwa na miaka kumi na tisa, sioni kwa nini nikuache sasa."

"Na shukrani? Zile za mwanzo wa kitabu?"

"Hizo hapana."

Akaomba kanda yake. Ruurd alikwenda kuitafuta, akarudi nayo ndani ya boksi lake la bati, kama ilivyotoka kwa mjane.

"Faili nililokupa halina tatizo," alisema. "Nilisafisha tu. Niliondoa mivumo na mikwaruzo. Programu ndiyo iliyofanya, mimi nilisikiliza tu baada ya kusafishwa."

"Ulichokigusa wewe nitakiangalia upya. Vyote."

"Ni haki yako."

"Siyo haki. Ndiyo kazi."

Kutoka Franeker hakurudi nyumbani. Alibadilisha treni Leeuwarden na Groningen, akamaliza kwa basi hadi Noorderkolk, akabisha hodi kwa Trijntje Lantinga.

Trijntje alimfungulia akiwa amevaa koti jipya la buluu, lebo ikining'inia kwenye mkono. Hakuwahi kumwona baba yake. Alizaliwa Julai 1941, miezi mitatu baada ya Evert kutoroka. Shuleni watoto walikuwa wakipita karibu yake na kumlilia kwa sauti za mosi, ti-ti-ti, ti-ti, hadi mwalimu anapogeuka. Wengine kati ya watoto hao bado walikuwa hai, na walimsalimia kanisani.

"Kaa. Kuna supu ya haradali, ila usiniambie ina chumvi, najua."

"Bi Lantinga, zile picha ni za kughushi. Aliyezighushi namjua, na amekiri."

Trijntje alikaa yeye kwanza. Akanyoosha lebo ya koti kwa kidole.

"Harm anajua?"

"Nitamwambia kesho. Wewe ndiye wa kwanza."

"Kwa hiyo baba hakuonya."

"Sikusema hivyo. Nimesema karatasi hizi hazithibitishi kitu. Tuko pale pale tulipokuwa tarehe saba."

"Tarehe saba sikuwa na koti." Aliigeuza lebo kusoma bei. "Dukani wanapokea vitu ndani ya wiki mbili. Nilirudishe?"

"Kamati inakaa tarehe ishirini na mbili."

"Ni wiki mbili kamili tangu nilinunue. Wewe mwanamke huna huruma, lakini kalenda unaijua." Akainuka kwenda kwenye sufuria. "Kula. Ukitoka hapa na njaa watasema nimekufukuza."

Jumatano Gesina aliazima mashine ya kuchezesha kanda kwenye jumba la makumbusho ya redio. Aliiweka mezani kwake, akafungua upande mwingine faili la Ruurd, akaanza kulinganisha sentensi kwa sentensi. Kanda ilivuma na kukwaruza, lakini maneno yalikuwa yaleyale. Kwa dakika arobaini hakupata tofauti hata moja.

Kisha akafika mahali alipopajua kwa moyo. Katika faili Ahlers anasema, "Tulituma saa tisa. Baadaye London wakajibu. Jibu lenyewe bado liko vidoleni mwangu." Hapo kuna kimya kirefu, halafu mzee anacheka kidogo na kusema, "Basi, tukajua." Mtangazaji anaingia na swali kuhusu chakula cha wafungwa. Gesina siku zote alikichukulia kimya kile kuwa cha mzee aliyepotewa na kumbukumbu.

Kwenye kanda hakukuwa na kimya. Kulikuwa na kugonga. Kitu kigumu, kalamu pengine, kiligonga meza, kwa kasi, kwa mpangilio, bila kusita. Programu ya Ruurd ilikuwa imedhani ni mikwaruzo. Mtangazaji, ambaye mosi hakuijua, alidhani vivyo hivyo.

Gesina alikuwa amejifunza mosi katika mwaka wa kwanza wa kazi hii, kwa sababu hakupenda kuandika habari za watu ambao kazi yao haielewi. Alirudisha kanda nyuma mara sita. Aliandika herufi, akazisoma, akakikunja kile kijikaratasi na kukiweka mfukoni. Hakumpigia mtu simu.

Tarehe 22 Aprili, saa moja na nusu jioni, kamati ilikutana katika ukumbi wa kanisa la Noorderkolk. Walikuwa watano, na Trijntje akiwa ameketi karibu na mlango, koti la buluu mwilini, lebo imefichwa ndani ya mkono. Gesina alianza na lililo baya. Alieleza hesabu ya dakika ishirini, akawapa kukiri kwa Ruurd kulikotiwa saini, akasema picha zile zifutwe katika ushahidi wa kamati.

"Basi huna kitu," Bolhuis alisema.

"Nina kanda. Bwana Bolhuis, jeshini ulikuwa kikosi gani?"

"Unajua. Mawasiliano. Sitini na sita, sitini na saba."

"Mosi bado unaisoma?"

"Nasoma kuliko unavyoongea."

Gesina alimpa kalamu na karatasi tupu, akawasha mashine. Hakusema anachopaswa kukisikia. Alichezesha maneno ya Ahlers kuanzia saa tisa, na kugonga kulipoanza Bolhuis aliinamisha kichwa. Mara ya kwanza hakuandika chochote.

"Rudisha."

Mara ya pili aliandika bila kuinua mkono. Alipomaliza aliisoma karatasi yake kimyakimya, kisha akaisogeza katikati ya meza. Gesina akatoa kile kijikaratasi mfukoni na kukiweka kando yake. Herufi zilikuwa zilezile, za Kiingereza.

"Kwa lugha yetu, Harm," alisema mmoja wa wajumbe.

"London wanamwambia: umesahau kosa lako. Safari nyingine usisahau." Bolhuis alivua miwani. "Yaani mbele ya Mjerumani."

"Mbele ya Mjerumani," Gesina alisema. "Ndiyo maana Ahlers anasema, basi, tukajua. Hadi saa ile walidhani Lantinga amewapa kila kitu. Kosa lake alikuwa hajawapa."

"Kwa hiyo yeye aliwaonya, wao wakamkemea."

"Ndivyo shahidi huyu anavyosema. Ni shahidi mmoja, wa upande wa adui, miaka thelathini na saba baadaye. Hana sababu ya kumpamba Lantinga, na alichogonga hakuna aliyemwomba akigonge. Zaidi ya hapo sina."

"Na Siebrand akaenda uwanjani kwa sababu ya mjinga mmoja wa London."

"Kwa sababu ya mtu mmoja au zaidi wa London. Ujinga sijauthibitisha."

Bolhuis alitoa sauti ambayo kwa mtu mwingine ingekuwa kicheko. Aliuliza kama kuna anayepinga. Hakuna mkono ulioinuka. Karibu na mlango Trijntje aliushika mkono wa koti lake, akaing'oa lebo na kuitia mfukoni.

Jumapili, tarehe 4 Mei, saa mbili kamili usiku, kukiwa bado na mwanga, Noorderkolk ilinyamaza kwa dakika mbili kama nchi nzima. Kengele ilipoisha Harm Bolhuis alisogea mbele ya mnara akiwa na majina kichwani, maana hakuwahi kuyasoma kwenye karatasi. Aliyataja kwa mpangilio wa alfabeti, na la Siebrand Bolhuis likaja mapema. Trijntje Lantinga alikuwa amesimama mstari wa mbele. Baada ya Kremer, na kabla ya Mulder, Bolhuis alisema, "Evert Lantinga."